Fleming: Aliyegundua penisilini, kisha akaonya kuwa itagoma

Kama umewahi kumeza amoksilini, umenufaika na kazi ya Alexander Fleming.

Alizaliwa Agosti 6, 1881, shambani kwa wazazi wake Ayrshire, Scotland. Alisomea udaktari katika hospitali ya St Mary's, London, na hapo ndipo alipofanya kazi karibu maisha yake yote.

Vita ya Kwanza ya Dunia ilimpeleka Ufaransa. Huko aliona askari walionusurika risasi wakifia hospitalini kwa vidonda vilivyooza. Kumbe hata dawa za kusafishia vidonda ziliua chembe za mwili zinazopambana na vijidudu.

Septemba 1928 alirudi kutoka likizo, akakuta kisahani kimoja cha maabara kimeota ukungu. Kuuzunguka, bakteria aina ya stafilokoka walikuwa wamekufa. Majimaji ya ukungu huo akayaita penisilini.

Stafilokoka ni mdudu wa kuvizia. Watu wengi wanaye puani au kwenye ngozi bila shida yoyote. Ukilazwa na kidonda cha upasuaji, au mwili ukidhoofika, hapo ndipo anapopata nafasi.

Fleming alishindwa kuisafisha penisilini ifae kutibu. Kazi hiyo ilifanywa Oxford na Howard Florey, Ernst Chain na wenzao. Mwaka 1945 Fleming, Florey na Chain walipewa Tuzo ya Nobel ya tiba.

Lakini katika hotuba yake Stockholm, Desemba mwaka huohuo, Fleming alitoa onyo. Alitoa mfano wa mume anayeumwa koo, anajinunulia penisilini na kutumia kidogo tu. Bakteria hawafi, wanaizoea dawa. Anamwambukiza mkewe, mke anapata nimonia, dawa inagoma, anafariki. Kwa Fleming, aliyemuua mke ni uzembe wa mumewe.

Haikuchukua muda. Kufikia 1948, Mary Barber wa hospitali ya Hammersmith, London, alikuta zaidi ya nusu ya stafilokoka aliowapima hawasikii penisilini.

Fleming alifariki Machi 11, 1955, akazikwa katika kanisa kuu la St Paul's. Miaka sita baadaye, Uingereza ikatangaza stafilokoka sugu hata kwa methisilini, dawa iliyotengenezwa kuziba pengo la penisilini.

Basi usinunue antibiotiki kwa kubahatisha, na dozi uliyoandikiwa ifuate mpaka mwisho.