Askofu Josiah Mutabuzi Kibira (1925–1988) na Utu wa Mwanadamu mbele za Mungu

Usharika wetu wa Nyashimo unapotimiza miaka 100, ni haki kuwakumbuka wainjilisti, wachungaji na wazee wa kanisa waliotutangulia, na kurasa nyingine za kitabu hiki zimefanya kazi hiyo. Hata hivyo usharika hauishi peke yake. Wako watumishi wa Bwana ambao majina yao hayakuandikwa kamwe katika rejista yetu, lakini imani waliyoikiri ndiyo tunayoisimamia. Mmoja wao ni Marehemu Baba Askofu Josiah Mutabuzi Kibira, mwana wa Buhaya, ng'ambo ya magharibi ya ziwa hili ambalo wavuvi wetu hulishukia kila siku. Wengi wanalikumbuka jina lake kwa kuwa alikuwa Mwafrika wa kwanza kuwa Rais wa Fungamano la Makanisa ya Kilutheri Duniani. Wachache wanakumbuka Fungamano hilo lilikiri nini katika mkutano uleule uliomchagua.

Alizaliwa Agosti 1925. Kanisa lililomlea lilikuwa na historia ya pekee. Wamisionari wa Betheli walipofika Bukoba mwaka 1910 waliwakuta Wahaya waliokwisha kuipokea Injili kwa njia ya Uganda, na wakati Wajerumani walipoondolewa kwa sababu ya Vita ya Kwanza ya Dunia, Wakristo hao waliendelea kukusanyika na kufundishana. Kibira alikua kati ya watu waliozoea kusimama wenyewe mbele za Mungu. Aliguswa na Uamsho ulioenea Afrika Mashariki, ule wa Walokole, akawa mwalimu wa shule, kisha akaitwa katika huduma ya Neno. Masomo ya theolojia aliyapata Betheli, Ujerumani, na baadaye katika Chuo Kikuu cha Boston, Marekani.

Hapo Betheli inafaa tukae kidogo. Theolojia ilifundishwa huko katikati ya makao ya wagonjwa wa kifafa na wa akili. Wakati wa utawala wa Hitler, serikali iliazimia kuwaua watu wa namna hiyo, kwa madai kwamba maisha yao hayana thamani. Mkuu wa makao, mchungaji Friedrich von Bodelschwingh, alipinga, na walio wengi wakasalimika. Tusiwapambe kupita kiasi: wagonjwa wengi wa Betheli walifungwa uzazi kwa mujibu wa sheria za wakati ule, na wagonjwa wa Kiyahudi walichukuliwa wakauawa. Lakini mwanafunzi wa mahali kama pale hakuweza kusoma sura ya kwanza ya Mwanzo, juu ya mtu aliyeumbwa kwa mfano wa Mungu, kana kwamba ni habari ya zamani tu. Mfano huo wa Mungu ulikuwa ukipita mlangoni mwa darasa, wakati mwingine ukitetemeka kwa kifafa.

Mwaka 1964, mwaka mmoja baada ya makanisa 7 kuungana na kuwa Kanisa la Kiinjili la Kilutheri Tanzania, Kibira alimrithi Askofu Bengt Sundkler wa Sweden na kuwa Mwafrika wa kwanza kuiongoza Dayosisi ya Kaskazini Magharibi. Akaiongoza kwa takribani miaka 20. Mwaka 1974 kilichapishwa kitabu chake kwa Kiingereza juu ya Kanisa, ukoo na ulimwengu. Kwa maoni yangu somo hilo la ukoo ndilo ufunguo wa mengine yote. Mhaya, kama Msukuma, hujua thamani ya ukoo: ndio unaomlisha yatima, kumzika maskini na kumtetea mnyonge. Lakini ukoo humtetea aliye wake. Je, aliye nje ya damu hiyo ana nani? Na aliye ndani, ukoo ukimkataa, akimbilie wapi? Mkristo hujibu kwamba katika Ubatizo na katika Meza ya Bwana iko damu nyingine inayofanya undugu, nayo haiulizi ulizaliwa kwa nani.

Swali hilo si la Buhaya peke yake. Hapa Usukumani tumezika bibi vizee waliokatwa mapanga kwa kushukiwa uchawi, macho yao yakiwa mekundu kwa moshi wa miaka mingi jikoni. Na mara nyingine walioleta shutuma ni jamaa zao wenyewe, wenye hamu ya shamba. Tangu miaka ya 2000 Kanda ya Ziwa imejulikana duniani kwa mauaji ya ndugu zetu wenye ualbino. Mahali ukoo ulipogeuka kuwa mshitaki, Kanisa halina ruhusa ya kusema kwamba hayo ni mambo ya mila au ya polisi.

Hapo tunafika kwenye ugumu ambao Walutheri wameubeba kwa muda mrefu. Sisi tuliosoma theolojia katika miaka ya 1980 tulifundishwa Fundisho la Falme Mbili: kwamba Mungu hutawala ulimwengu kwa mkono wa kushoto, kwa sheria na serikali, na Kanisa kwa mkono wa kuume, kwa Injili. Ni fundisho jema likieleweka sawasawa, kwa maana falme zote mbili ni za Mungu mmoja. Huko Afrika Kusini, hata hivyo, Walutheri wengi weupe walilitumia kama ukuta. Ubaguzi wa rangi, walidai, ni jambo la serikali, na Kanisa lihubiri wokovu wa roho. Wakati huohuo makanisa yenyewe yaliendelea kutengwa kwa rangi.

Walutheri weusi hawakukubali. Tarehe 30 Juni 1971, Askofu Leonard Auala na Paulus Gowaseb, viongozi wa makanisa mawili ya Kilutheri ya Namibia, walimwandikia barua ya wazi Waziri Mkuu Vorster wa Afrika Kusini. Waliitumia Tamko la Ulimwengu la Haki za Binadamu la mwaka 1948 kama kipimo, wakamwonyesha kifungu kwa kifungu jinsi serikali yake ilivyowakosea watu wao. Barua hiyo ilisomwa kanisani, mbele ya waumini. Fungamano lenyewe lilikuwa limeanza kujifunza: mwaka 1970 Mkutano Mkuu wake uliokuwa ufanyike Porto Alegre, Brazil, ulihamishiwa Evian, Ufaransa, kwa sababu ya maovu ya utawala wa kijeshi wa Brazil.

Ndipo ukaja Juni 1977, na Mkutano Mkuu wa sita ukafanyika Dar es Salaam, wa kwanza katika ardhi ya Afrika. Ulikuwa wakati wa majonzi. Mwaka mmoja kabla, watoto wa Soweto walikuwa wamepigwa risasi. Februari ya mwaka huohuo Askofu Mkuu Janani Luwum wa Uganda alikuwa ameuawa chini ya Idi Amin. Wajumbe walimchagua Kibira kuwa Rais, na wakatoa tamko juu ya Kusini mwa Afrika ambalo msingi wake unastahili kuelezwa polepole.

Mkutano ulikubali kwamba katika hali ya kawaida Wakristo wanaweza kutofautiana katika siasa na bado wakashiriki Meza moja. Lakini ukasema kwamba Kusini mwa Afrika hali imefikia mahali ambapo kukataa mfumo wa ubaguzi, hadharani na bila kigugumizi, ni sehemu ya kuikiri imani yenyewe. Wanatheolojia hutumia neno la Kilatini, status confessionis, yaani hali inayodai ungamo. Kwa nini? Ungamo la Augsburg, katika kifungu cha 7, hulitambua Kanisa kwa Injili inayohubiriwa kwa usahihi na Sakramenti zinazotolewa ipasavyo. Meza ikigawanywa kwa rangi ya ngozi, kilichoguswa ni Kanisa lenyewe. Na Fomula ya Makubaliano ya mwaka 1577, katika kifungu cha 10, hufundisha kwamba hata mambo ya hiari huacha kuwa ya hiari wakati ukweli wa Injili unaposhambuliwa. Ilikuwa imepita miaka 400 kamili. Haki za binadamu hazikuletwa kanisani na wanasiasa. Zilikuwa zimelala katika vitabu vyetu wenyewe vya Ungamo.

Msomaji makini ataniuliza kama haikuwa rahisi kuilaani Pretoria ukiwa Dar es Salaam. Kwa sehemu, ndiyo. Tanzania ya wakati ule ilikuwa na sheria ya mwaka 1962 ya kuwaweka watu kizuizini bila kuwafikisha mahakamani, na wanavijiji wengi walikuwa wamehamishwa kwa nguvu katika operesheni za vijiji. Haki za msingi ziliingizwa katika Katiba yetu kwa mabadiliko ya mwaka 1984. Ungamo hukata pande zote mbili, nalo lilikuwa linatuhusu na sisi.

Kibira mwenyewe hakuuona uovu kwa mbali tu. Oktoba 1978 majeshi ya Amin yaliingia kaskazini mwa mto Kagera, katika eneo la dayosisi yake. Watu waliuawa, ng'ombe wakaporwa, maelfu wakakimbia. Rais wa Walutheri wa dunia alikuwa pia askofu wa wakimbizi wa nyumbani kwake.

Maneno ya Dar es Salaam yalipimwa Budapest, mwaka 1984, katika Mkutano Mkuu wa saba ambako Kibira alimaliza muda wake. Makanisa mawili ya Walutheri weupe, la Rasi huko Afrika Kusini na la Wajerumani huko Namibia, yalikuwa hayajaukataa ubaguzi waziwazi, na uanachama wao ukasimamishwa. Lilikuwa tendo zito, kwa maana kati ya waliosimamishwa walikuwamo watoto na wajukuu wa wamisionari. Mkutano huohuo ulimchagua Askofu Zoltán Káldy wa Hungary kumrithi Kibira, ingawa mchungaji mmoja wa nchi hiyo alikuwa amemlalamikia kwa barua ya wazi kwamba hakuvumilia sauti tofauti katika Kanisa lake. Fungamano liliona vizuri Kusini kuliko lilivyoona pale lilipokuwa limeketi.

Afya ya Kibira ilikuwa imedhoofika. Alifariki Julai 1988, Namibia ikiwa bado haijapata uhuru na Nelson Mandela akiwa bado mfungwa. Machi 1990 bendera ya Namibia ilipandishwa, na mapema katika miaka hiyo ya 1990 makanisa yale mawili yalirudishiwa uanachama wao katika Fungamano.