Maurice Jaubert: Mtunzi Aliyejua Kunyamaza

Maurice Jaubert alizaliwa mwaka 1900 huko Nice, kusini mwa Ufaransa, mtoto wa wakili. Naye akasomea sheria, akawa wakili kijana kuliko wote nchini. Miaka michache baadaye akaiacha kazi hiyo yenye heshima na kipato, akahamia Paris kutunga muziki. Huku kwetu Lindi, kijana akitamka neno kama hilo ukoo huitisha kikao.

Filamu zilipoanza kutoa sauti, waongozaji walimtafuta. Jean Vigo alimpa kazi katika Zéro de conduite ya mwaka 1933, filamu ya wavulana wa shule ya bweni wanaoasi. Usiku wanapasua mito, manyoya yanajaa hewani, nao wanaandamana polepole kama wako ndotoni. Jaubert aliandika wimbo wake kuanzia noti ya mwisho kurudi ya kwanza, wapigaji wakaupiga hivyo, kisha ukanda wa sauti ukageuzwa. Wimbo ukarudi katika mpangilio wake, lakini kila noti inavimba kwanza ndipo ikatike, kama pumzi inayovutwa ndani. Serikali iliipiga marufuku filamu hiyo hadi vita vilipokwisha.

Mwaka 1934 ikafuata L'Atalante, habari ya nahodha wa mashua ya mizigo na mkewe kijana. Watu wa Kilwa, waliozoea majahazi na ndoa za mabaharia, wangeielewa bila mkalimani.

Jaubert alipenda vyombo vichache. Alishikilia kwamba muziki haupaswi kueleza kile ambacho jicho limekwisha kuona. Aliichambua vikali filamu ya Kimarekani The Informer, ambamo vyombo viliiga hata bia ikishuka kooni mwa mnywaji. Kwake muziki uingie pale picha isipotosha, halafu utoke. Tunawaza vinanda vyetu vya umeme parokiani, ngoma zake zikiendelea kudunda hata baada ya Komunyo, watu wanapotaka kusali kimya. Tungependa wapiga kinanda wetu wamsikilize Mkatoliki huyu, aliyetunga pia muziki wa kipindi cha Pasaka.

Vita vilipoanza mwaka 1939 aliitwa jeshini, akaongoza kikosi cha wahandisi. Aliuawa tarehe 19 Juni 1940, siku 3 tu kabla ya Ufaransa kutia saini mkataba wa kusimamisha mapigano. Alikuwa na miaka 40.

Miaka 35 baadaye mwongozaji François Truffaut aliufufua muziki wake katika filamu 4, na wakati wa kupiga picha aliwapigia waigizaji muziki huo ili waufuate. Ya mwisho, La Chambre verte ya mwaka 1978, inahusu mtu anayewasha mishumaa kikanisani kwa ajili ya marehemu wake, mmoja mmoja, kama tufanyavyo Novemba. Kati ya picha za marehemu hao imo ya Jaubert, akiongoza wapigaji wake.