Muyaka bin Haji: Malenga aliyehifadhiwa vifuani mwa watu wa Mvita

MUYAKA bin Haji al-Ghassaniy, aliyezaliwa Mombasa yapata mwaka 1776, ni miongoni mwa malenga wakongwe wanaotajwa kila mahali ushairi wa Kiswahili unapofundishwa. Hata hivyo, hakuna diwani yake iliyochapishwa akiwa hai, na nusura kazi yake ipotee.

Enzi zake, mji ulikuwa mashariki mwa kisiwa, jirani na Ngome ya Yesu, na mahali panapoitwa Tudor leo palikuwa nje yake. Majahazi yalipita mlango wa hori la Tudor na kutia nanga katika bandari ya kale, yakileta bidhaa pamoja na habari za Lamu, Pate na Unguja. Habari hizo Muyaka alizigeuza kuwa tungo.

Mazrui waliotawala Mombasa walikataa kumtii Sayyid Said wa Omani, naye Muyaka aliwatetea kwa ulimi wake. Aliwahimiza wenzake, akawakejeli mahasimu na kujibizana na washairi wa Lamu. Alitunga pia kuhusu mapenzi, ndoa, dhiki na urafiki. Ilhali tenzi ndefu za dini ndizo zilizokuwa na hadhi ya kuandikwa, yeye alilitoa shairi la mishororo minne hadharani, likazungumzia maisha ya kila siku. Kwa kuwa beti zilikuwa fupi na zenye vina, watu walizighani na kuzikariri kwa wepesi.

Mwaka 1837, Sayyid Said aliitwaa Mombasa, na viongozi wa Mazrui wakakamatwa na kupelekwa uhamishoni. Muyaka alifariki yapata mwaka 1840. Waliokuwa wakimpa heshima walikuwa wametawanyika. Tungo zake zikabaki vifuani mwa wazee, nao walikuwa wakipungua mwaka hadi mwaka.

Aliyeziokoa ni Mwalimu Sikujua bin Abdallah al-Batawi, mwanachuoni wa Mombasa. Zaidi ya miaka 40 baada ya kifo cha malenga huyo, alizikusanya beti zilizokuwa bado zikikumbukwa na kuziandika kwa hati za Kiarabu. Alishirikiana na mmisionari Mwingereza, William Taylor, aliyehifadhi miswada pamoja na maelezo ya maneno magumu na visa vilivyozaa tungo hizo. Sikujua alifariki mwaka 1890.

William Hichens alizichapisha tungo hizo Johannesburg mwaka 1940, takriban karne moja baada ya Muyaka kuzikwa. Mwaka 1979, Profesa Mohamed Abdulaziz alitoa utafiti wake kuhusu malenga huyo.

Sikujua alipata cha kuandika kwa sababu wazee hawakuacha kuzighani beti hizo. Zile ambazo mkariri wake alifariki kabla ya kufikiwa na kalamu, zilizikwa pamoja naye.