Siti binti Saad, Mwimbaji wa Unguja

Siti binti Saad alizaliwa yapata mwaka 1880 katika kijiji cha Fumba, Unguja. Mama yake alikuwa Mzigua. Baba yake alikuwa Mnyamwezi, na nchi ya Wanyamwezi ndiyo iliyopitiwa na misafara itokayo huku kwetu ziwani kwenda pwani. Mtoto alizaliwa katika utumwa, akaitwa Mtumwa.

Kwao walikuwa wafinyanzi. Alivichukua vyungu hata mjini, akivinadi kwa sauti, na watu wakamsikia kabla ya kumwona. Mwaka 1911 alihamia mjini. Hakujua kusoma, Ali Muhsin, wa chama cha Ikhwani Safaa, akamfundisha kuimba. Zamani hizo taarab ya jumba la Sultani iliimbwa kwa Kiarabu. Yeye aliimba kwa Kiswahili, na jina la Mtumwa likaachwa. Wako waliomcheka kuwa hana sura nzuri. Hao nao aliwajibu kwa wimbo.

Mwaka 1928 alivuka bahari pamoja na wenziwe hata Bombay, Uhindi, sauti zao zikatiwa katika sahani za santuri.

Mimi hustaajabia zaidi wimbo wake wa Kijiti. Mtu huyo alimwua mwanamke mgeni, akatorokea bara, na wanawake waliotoa ushahidi ndio waliofungwa. Siti aliiimba hukumu hiyo waziwazi, katika mji ule ule ilimotolewa.

Alifariki tarehe 8 Julai 1950. Mshairi Shaaban Robert aliandika wasifu wake.