Bayume Mohamed Husen: mwalimu wa Kiswahili kwenye sinema za Berlin

Katika idara yetu ya lugha za Kiafrika, Mtoro bin Mwinyi Bakari anatajwa kila mwaka, kwa sababu ya Desturi za Wasuaheli, kitabu kilichotolewa mwaka 1903 chini ya usimamizi wa Carl Velten. Mtoro alifundisha Kiswahili Berlin. Miaka mingi baadaye kazi hiyo ilifanywa na mtu mwingine wa pwani, na huyo hatumtaji, labda kwa sababu hakuacha kitabu. Aliacha sinema.

Alizaliwa Dar es Salaam mwaka 1904 kwa jina la Mahjub bin Adam Mohamed. Baba yake, Msudani, alikuwa effendi katika jeshi la koloni la Wajerumani, koloni ambalo mpaka wake ulifika hapa Gisenyi, hatua chache kutoka kwetu. Vita ilipoanza mwaka 1914 mtoto alikuwa na miaka kumi. Akaingizwa jeshini pamoja na baba yake. Mwaka 1917 alijeruhiwa kwenye mapigano ya Mahiwa, kisha Waingereza wakamkamata. Sisi wa Kivu hatuhitaji kuelezwa sana maana ya mtoto kuvaa sare.

Baada ya vita alitumikia melini. Mwaka 1929 akashuka Ujerumani kudai mishahara ya kiaskari ambayo yeye na baba yake hawakuwahi kulipwa. Wizara ya Mambo ya Nje ikamjibu kwamba amechelewa. Hakurudi. Akawa mhudumu katika Haus Vaterland, jumba kubwa la starehe la Berlin, na mwezi wa kwanza 1933, siku chache kabla ya Hitler kushika madaraka, akamwoa Maria Schwandner.

Chuo kikuu kilimpa kazi ya msaidizi wa lugha. Hapa ndipo mimi, kama mwanaisimu, ninapokaa muda mrefu. Msaidizi alitoa sauti, matamshi, mifano. Cheo na jina juu ya jalada vilikuwa vya profesa. Na ujira wake haukutosha kutunza nyumba, ndiyo maana tunamkuta kwenye sinema.

Kati ya 1934 na 1941 alionekana katika sinema zisizopungua 23. Alianza na Die Reiter von Deutsch-Ostafrika, akapita Zu neuen Ufern ya mwaka 1937, pamoja na Zarah Leander. Mara nyingi alipewa nafasi ya mtumishi au mpagazi, akisimama nyuma ya nyota wa Kizungu. Alizunguka pia na Deutsche Afrika-Schau, maonyesho ambayo serikali iliyatumia kuhubiri kurudishiwa makoloni. Kuna wanaomwita kibaraka kwa hiyo. Mimi sikubali haraka: mtu huyo huyo aliomba nishani ya askari wa mstari wa mbele mwaka 1934, wakamnyima, naye akajinunulia moja dukani na kuivaa. Kibaraka hungoja apewe. Huyu alikuwa bado anadai deni lake.

Nafasi yake kubwa kuliko zote ilikuja mwaka 1941, katika Carl Peters, sinema ya kumsifu mtu ambaye watu wa Kilimanjaro walimjua kwa kunyonga. Hans Albers alikuwa Peters. Husen alikuwa Ramasan, kiongozi wa safari, na ndiye pia aliyeshauri upande wa lugha. Ikawa ya mwisho. Mwaka huo huo alishitakiwa na watu kwamba ana uhusiano na mwanamke wa Kijerumani, kosa ambalo Wanazi waliliita uchafuzi wa rangi. Hakufikishwa mahakamani. Alipelekwa kwenye kambi ya Sachsenhausen, kaskazini mwa Berlin, na alifungwa humo miaka mitatu.

Alifariki kambini tarehe 24 Novemba 1944, akiwa na miaka 40. Mwaka 2007 jiwe dogo la shaba lenye jina lake lilipachikwa njiani Brunnenstraße, Berlin, alikokuwa akiishi.