Marion Morrison, Aliyeitwa John Wayne

Mtu akitoka Arusha kwenda Ngorongoro hupita Makuyuni, kisha Mto wa Mbu, na hapo hukuta mbele yake ukuta mkubwa wa Bonde la Ufa. Njia hupanda ukuta ule kwa kuzunguka-zunguka, na chini huonekana Ziwa Manyara likimetameta. Baadaye hufika Karatu, katika nchi ya Wairaqw, penye mashamba ya ngano na mahindi na kahawa. Mbele ya Karatu huanza msitu, na njia hupanda tena mpaka ukingo wa kasoko ya Ngorongoro, ambayo ni kinywa cha mlima wa moto uliozimika zamani za kale. Ukingo huo uko juu ya usawa wa bahari kadiri ya mita 2,300, na kutoka hapo hata chini penye majani na wanyama ni mita 600.

Mwisho wa mwaka 1960 nchi yetu ilikuwa ikiitwa bado Tanganyika, na uhuru wake ulikuwa umebakiza mwaka mmoja tu. Wakati huo walikuja watu wa sinema kutoka Marekani pamoja na magari na vyombo vyao vya kupigia picha. Walitaka kutengeneza hadithi ya watu wanaokamata wanyama walio hai, ili kuwapeleka katika bustani za wanyama za nchi za mbali. Jina la picha ile walilichukua katika lugha yetu, wakaiita Hatari. Mkuu wa wachezaji wake alikuwa mtu mrefu sana, mwenye mabega mapana na mwendo wa polepole, umri wake miaka 53. Huyo ndiye John Wayne, na huko kwao hapakuwa na mtoto asiyemjua.

Lakini jina hilo hakupewa na wazazi wake. Alizaliwa tarehe 26 Mei 1907 katika mji mdogo wa Winterset, jimbo la Iowa, akaitwa Marion Robert Morrison. Baba yake alikuwa mwuza dawa, mtu mpole ambaye mali haikukaa mikononi mwake. Marion alipokuwa mtoto bado, jamaa yote ilihamia California, wakajaribu kulima katika nchi kavu karibu na jangwa. Kilimo kile hakikuwafaa, wakaenda kukaa Glendale, karibu na Los Angeles. Huko kijana alikuwa na mbwa mkubwa jina lake Duke, naye akifuatana naye kila mahali. Wazima moto wa mji walipowaona wakipita pamoja, wakamwita na mtoto kwa jina la mbwa. Marion alifurahi kupata jina jingine, maana Marion kwao ni jina wapewalo wasichana pia, na wenzake walikuwa wakimcheka. Basi rafiki zake walimwita Duke mpaka kufa kwake.

Alipokua aliingia chuo kikuu cha Southern California, akalipiwa karo kwa sababu ya ustadi wake katika mpira wa Kimarekani, ule unaochezwa kwa kukimbia na mpira mikononi na kuangushana. Siku moja alikuwa akicheza katika mawimbi ya bahari, akaumia bega. Hakuweza kucheza tena kama zamani, na karo ikakoma. Ikampasa kutafuta kazi, akaipata katika nyumba za kutengenezea picha za sinema. Kazi yenyewe ilikuwa kubeba viti na meza na vyombo vingine, na kuvipanga mahali ambapo wachezaji watacheza. Hapo ndipo alipojuana na John Ford, mtengeneza picha mwenye akili nyingi na ulimi mkali.

Mwaka 1930 mtengeneza picha mwingine, Raoul Walsh, alikuwa akitafuta mtu wa kucheza katika picha kubwa iitwayo The Big Trail, hadithi ya wahamiaji waliokwenda magharibi ya Marekani kwa magari ya kukokotwa na ng'ombe. Akamwona mchukuzi huyu kijana akiinua kiti kizito kana kwamba ni unyoya, akampenda. Wakubwa wa kazi hawakulipenda jina la Marion Morrison. Wakakaa wakashauriana, wakachagua jina la John Wayne, kwa kumkumbuka jemadari mmoja wa zamani. Mwenye kupewa jina hakuwamo katika shauri lile. Akaongezewa mshahara, akaona amefika.

Hakuwa amefika. Picha ile ilipigwa katika utepe mpana kuliko wa kawaida, ikahitaji mashine mpya na pazia kubwa la kuonyeshea. Ilitolewa mwaka wa 1930, wakati biashara ya Marekani imekwisha kuanguka na watu wengi hawana kazi. Wenye nyumba za sinema hawakuwa na fedha za kununua mashine mpya, hivyo picha ikaonekana mahali pachache, na hasara ikawa kubwa. Ikawa kama kosa ni la mchezaji, wala hakuna aliyetaka kumpa tena picha kubwa. Kwa muda wa miaka karibu tisa alicheza katika picha ndogo ndogo zaidi ya 50, nyingine zikitengenezwa kwa juma moja au zaidi kidogo, na kuonyeshwa katika miji midogo na mashambani. Katika picha moja ya mwaka 1933 alitakiwa awe mpanda farasi mwimbaji. Kuimba hakujua. Mtu mwingine aliimba, naye akatikisa midomo tu. Taabu ilimpata alipokwenda kuonana na watu, nao wakamwomba awaimbie!

Hata hivyo naona kwamba miaka hiyo ndiyo iliyomfanya kuwa fundi. Alikuwa na mwalimu jina lake Yakima Canutt, mtu hodari wa kuanguka kutoka juu ya farasi pasipo kuvunjika. Wayne alimtazama, akaiga mwendo wake na namna yake ya kusema taratibu. Tena wao wawili walitengeneza njia mpya ya kupigana mbele ya kamera. Zamani wachezaji walipigana mabega, na mtazamaji aliona ni mchezo. Wao walipima mahali pa kuiweka kamera, hata ngumi ikipita karibu na taya pasipo kuligusa, mtazamaji huona imempiga mtu sawasawa. Wewe ukitazama sinema leo ukaona watu wanapigana, ujue ya kuwa ufundi ule unatumika hata sasa.

Mwaka 1939 John Ford alimwita katika picha yake Stagecoach, habari za abiria wanaosafiri katika gari la farasi kupita nchi ya vita. Ford alimtukana mbele ya wenzake kila siku, naye akavumilia. Picha ilipoonyeshwa sifa zake zilienea upesi, na kijana wa miaka tisa ya picha ndogo akawa mtu mkubwa kwa siku chache.

Desemba 1941 Marekani iliingia katika Vita Kuu ya Pili. Wachezaji wengi waliacha kazi wakaenda vitani. James Stewart alirusha ndege za mabomu. Ford mwenyewe alikuwa katika jeshi la bahari, akajeruhiwa penye vita vya Midway. Wayne alikuwa na miaka 34 na watoto wanne. Serikali ilimwachilia kwanza kwa sababu ya jamaa yake, kisha kampuni yake ikaomba abakizwe, naye akabaki. Alisafiri katika visiwa vya Pasifiki kwa miezi kadhaa, akisimama jukwaani kuwachangamsha askari, lakini bunduki ya vita hakuishika. Baada ya hapo alicheza kama askari katika picha nyingi, na vijana wengi waliandikishwa jeshini kwa kuziona. Watu waliomjua karibu walisema kwamba jambo hili lilimwuma siku zote.

Miaka iliyofuata ilikuwa ya fahari. Alicheza Red River mwaka 1948, The Quiet Man mwaka 1952 na The Searchers mwaka 1956. Katika hiyo ya mwisho alikuwa mtu mwenye chuki kali, na wengi huhesabu kuwa ni kazi yake bora. Kisha akatamani kutengeneza picha yake mwenyewe, The Alamo, akatia humo fedha zake nyingi na kuweka rehani mali yake. Ilitoka mwaka 1960, na faida aliyoitumaini haikumrudia. Kwa hiyo alipofika kwetu mwaka ule ule alikuwa na umaarufu mwingi na mfuko mwepesi.

Mtengenezaji wa Hatari alikuwa Howard Hawks. Huyo alitaka wanyama wakamatwe kweli, tena na wachezaji wenyewe, si na watu wengine waliovaa nguo zao. Kambi yao kuu ilikuwa Momella, chini ya Mlima Meru, na picha nyingine zilipigwa upande wa Manyara na Ngorongoro. Mwindaji mmoja aliyekuwa na ruhusa ya serikali, Willy de Beer, aliwafundisha kazi. Namna yake ilikuwa hivi. Motokaa hukimbia sambamba na mnyama katika uwanda, penye mashimo na mawe. Mbele ya motokaa, nje kabisa, hufungwa kiti kidogo, na mtu hukaa humo ameshika mti mrefu wenye kitanzi. Motokaa ikimkaribia mnyama, mtu huyo humtia kitanzi shingoni. Basi katika kiti hicho alikaa John Wayne. Alikamata twiga na punda milia. Alipambana na kifaru pia, mnyama ambaye akigeuka hupiga motokaa kwa pembe yake. Mara moja kifaru aliyekwisha kufungwa alikatika kamba akatoka, na wachezaji wakalazimika kumkamata tena. Kamera ziliendelea, na jambo hilo limo katika picha hata leo. Sauti za mbio zile ikabidi zitiwe upya baadaye, maana Wayne aliposhindana na wanyama alitamka maneno yasiyofaa masikioni mwa watu!

Pamoja nao walikuwapo watu wa nchi hii, waliovuta kamba na kuwashika wanyama. Hatari yao ilikuwa sawa na ya wageni, lakini majina ya wengi wao hatuyapati katika vitabu, na mimi huona ni upungufu. Wala kazi ile haifanyiki tena kwa namna ile. Mnyama akikimbizwa sana huweza kufa kwa kuchoka. Siku hizi akihitajiwa kushikwa hupigwa kwa mbali sindano ya dawa ya usingizi. Katika miaka ile ile ya 1960 vifaru waliohesabiwa ndani ya Ngorongoro walizidi 100. Baadaye wajangili waliwaua kwa ajili ya pembe, wakabaki wachache sana, ndiyo sababu leo wanalindwa usiku na mchana.

Picha ilitoka mwaka 1962. Mmoja wa wachezaji, Mjerumani Hardy Krüger, aliipenda nchi, akanunua shamba kule Momella akakaa miaka mingi. Wayne alirudi kwao.

Mwezi wa Septemba 1964 madaktari waliona saratani katika pafu lake la kushoto. Alikuwa amevuta sigara nyingi mno tangu ujana. Walilitoa pafu lile pamoja na mbavu. Wasimamizi wake walitaka ugonjwa ufichwe, wakihofu kwamba watu watamwacha. Siku zile hata neno saratani watu waliogopa kulitamka. Yeye akakataa kuficha, akawaambia waandishi wa magazeti habari yote, akawahimiza watu waende kupimwa mapema. Miezi michache baadaye alikuwa kazini katika milima ya Mexico, akipumua kwa pafu moja, akitumbukia katika mto wa maji baridi. Mwaka 1969 alicheza True Grit, akiwa mzee mnene mwenye jicho moja, na mwezi wa Aprili 1970 akapewa tuzo ya Oscar, baada ya kazi ya miaka 40.

Haifai kuficha habari nyingine. Mwaka 1971 alizungumza na gazeti moja, akasema kwamba watu weusi wa Marekani wasipewe mamlaka mpaka waelimike zaidi, na kwamba si kosa wazungu kuwanyang'anya wenyeji wa kwanza nchi yao. Maneno hayo yaliwaumiza wengi, na hata baada ya kufa kwake hayajasahauliwa. Mwaka 2020 chuo chake cha zamani kiliondoa maonyesho yaliyowekwa kwa heshima yake.

Picha yake ya mwisho, The Shootist, ilitoka mwaka 1976. Humo alikuwa mpiga bastola mzee anayekufa kwa saratani. Mwezi wa Januari 1979 alipasuliwa tena, tumbo lake la chakula likatolewa. Tarehe 9 Aprili alisimama jukwaani katika sherehe ya Oscar, amekonda sana hata nguo zake zimempwaya, na watu wote ukumbini wakasimama. Alikufa Los Angeles tarehe 11 Juni 1979, umri wake miaka 72. Walimzika penye kilima kinachotazama bahari, na kwa muda wa miaka 20 hivi kaburi lile halikuwa na jiwe lolote lenye jina.