ABEID AMANI KARUME (1905–1972): KURA, MAPINDUZI NA MUUNGANO

Utangulizi

Ukiwa Ilala huwezi kulikwepa jina la Karume. Kuna kituo cha daladala cha Karume, soko la mitumba la Karume pale Mchikichini, na Uwanja wa Karume unaojulikana na kila mpenzi wa soka. Pengine unajua pia kwamba alikuwa Rais wa kwanza wa Zanzibar na kwamba alitia saini Hati za Muungano. Hayo ni kweli, lakini hayatoshi kujaza insha. Unaposoma sura hii shika swali moja: kwa nini kiongozi ambaye chama chake kilipata kura nyingi alishindwa kuunda serikali kwa njia ya kura, na alipopata madaraka kwa njia nyingine, aliyatumiaje?

Maisha ya awali

Karume alizaliwa mwaka 1905 huko Mwera, Unguja. Familia yake ilikuwa ya kipato cha chini na hakupata elimu ndefu ya shule. Akiwa kijana alifanya kazi ya ubaharia, akazifikia bandari za nchi nyingi. Baadaye aliongoza umoja wa wenye motaboti waliobeba abiria kati ya meli zilizotia nanga na pwani ya mji. Kazi hiyo ilimkutanisha na mabaharia, makuli na wakazi wa Ng'ambo, sehemu ya mji walikoishi wafanyakazi wengi. Hao ndio waliokuja kuwa nguvu yake ya kisiasa.

Ili umwelewe, ielewe Zanzibar ya wakati huo. Tangu mwaka 1890 visiwa vilikuwa chini ya ulinzi wa Uingereza, huku Sultani wa ukoo wa Busaidi akibaki kwenye kiti chake. Mashamba makubwa ya mikarafuu yalikuwa mikononi mwa wamiliki wachache, wengi wao wenye asili ya Kiarabu. Biashara kubwa ilikuwa ya Wahindi. Waafrika wengi walikuwa vibarua au walilima kwenye ardhi ya wengine. Hata hivyo usiandike kwamba hali ilikuwa sawa kila mahali. Pemba, Washirazi wengi walimiliki mikarafuu yao wenyewe. Tofauti hii ndiyo iliyogawa kura baadaye.

Harakati za kisiasa

Karume alikuwa kiongozi wa Jumuiya ya Waafrika. Tarehe 5 Februari 1957 jumuiya hiyo iliungana na Jumuiya ya Washirazi, kikazaliwa chama cha Afro-Shirazi (ASP) chini ya uongozi wake. Katika uchaguzi wa Julai 1957 Karume alishinda kiti cha Ng'ambo dhidi ya Ali Muhsin, kiongozi maarufu wa ZNP, chama kilichoitwa pia Hizbu. ZNP haikupata kiti hata kimoja.

Ushindi huo haukudumu. Mwaka 1959 baadhi ya viongozi wa Washirazi, akiwemo Muhammad Shamte, walijitenga na kuunda ZPPP. Yakariri matokeo yaliyofuata:

Januari 1961 (viti 22): ASP 10, ZNP 9, ZPPP 3.
Juni 1961 (viti 23): ASP 10, ZNP 10, ZPPP 3.
Julai 1963 (viti 31): ASP 13, ZNP 12, ZPPP 6.

Januari 1961 wabunge wa ZPPP waligawanyika: wawili wakaenda ZNP na mmoja ASP, ikawa 11 kwa 11. Uchaguzi ukarudiwa Juni kwa kuongeza jimbo moja, na ghasia zilizozuka ziliua watu 68. Safari hii ZPPP yote iliungana na ZNP, wakaunda serikali. Mwaka 1963 ASP ilipata takriban asilimia 54 ya kura zote, lakini ikabaki upande wa upinzani.

Iliwezekanaje? Chukua mfano wa kubuni wa majimbo matatu yenye wapigakura 1,000 kila moja. Chama cha kwanza kinapata kura 900 jimbo la kwanza, kisha 450 jimbo la pili na 450 la tatu. Jumla yake ni 1,800. Chama cha pili kinapata 100, 550 na 550, jumla 1,200. Chama cha kwanza kina kura nyingi lakini kiti kimoja. Cha pili kina viti viwili. ASP ilirundika kura katika majimbo yake, hasa ya Unguja, wakati wapinzani wake walishinda majimbo mengi kwa tofauti ndogo. Ukiweza kueleza jambo hili kwa hesabu fupi, insha yako itasimama juu ya hoja.

Mapinduzi ya 12 Januari 1964

Uhuru ulitolewa tarehe 10 Desemba 1963. Shamte alikuwa Waziri Mkuu na Sultani Jamshid bin Abdullah mkuu wa nchi. Siku 33 baadaye, usiku wa kuamkia tarehe 12 Januari 1964, vituo vya polisi vilivamiwa na serikali ikaanguka. John Okello ndiye aliyesikika redioni kama kamanda, lakini Urais wa Jamhuri ya Watu wa Zanzibar ulishikwa na Karume, mwanasiasa aliyekuwa na wafuasi wengi. Mapinduzi hayo yalimwaga damu. Watu wengi waliuawa, hasa wenye asili ya Kiarabu, na wengine wakakimbia nchi. Insha inayoacha jambo hili haijakamilika.

Muungano

Tarehe 22 Aprili 1964 Karume na Mwalimu Julius Nyerere walitia saini Hati za Muungano mjini Zanzibar. Muungano ulianza tarehe 26 Aprili, ukitaja mambo 11 ya pamoja. Tendo la kuchanganya udongo wa nchi mbili lilifanyika katika Ukumbi wa Karimjee, hapa hapa Ilala. Karume akawa Makamu wa Kwanza wa Rais wa Jamhuri ya Muungano, huku akibaki Rais wa Zanzibar. Jina Tanzania lilianza kutumika Oktoba mwaka huohuo.

Mafanikio na mapungufu

Mafanikio yake ni haya. Ardhi ilitaifishwa na familia za wakulima zikagawiwa ekari tatu tatu. Elimu ilitangazwa kuwa bure mwezi Septemba 1964, na matibabu pia yakawa bure. Nyumba za ghorofa zilijengwa kwa ajili ya wananchi; za Michenzani zinaonekana mpaka leo.

Mapungufu nayo yapo. Baraza la Mapinduzi halikupigiwa kura na wananchi katika miaka yake yote minane. Vyama vingine vilipigwa marufuku. Wapinzani waliwekwa kizuizini, na baadhi ya wanasiasa waliuawa, akiwemo Abdulla Kassim Hanga aliyekuwa ASP. Mwaka 1970 wasichana walilazimishwa kuolewa na wakubwa wa serikali. Uagizaji wa chakula ulibanwa, wananchi wakapanga foleni, wakati serikali ilikuwa na akiba ya fedha za karafuu. Mtu aliyenyimwa serikali na hesabu za majimbo hakuwapa wananchi wake nafasi ya kumpima kwa kura.

Karume aliuawa kwa risasi tarehe 7 Aprili 1972 katika makao makuu ya ASP, Kisiwandui, akiwa kwenye mchezo wa bao. Alizikwa hapohapo. Tarehe hiyo ni siku ya mapumziko ya taifa.

Ulinganisho na visiwa vya Pasifiki

Swali la kulinganisha lisikutishe. Tonga, nchi ya visiwa ya Pasifiki, nayo ilikuwa chini ya ulinzi wa Uingereza, tangu mwaka 1900 hadi 1970, na mfalme wake alibaki. Baada ya uhuru hakupinduliwa. Sababu moja ni kwamba ufalme ulikuwa wa wenyeji wenyewe. Nyingine ni ardhi: sheria ya Tonga ilimpa kila mwanamume aliyefikisha miaka 16 haki ya kuomba shamba la ekari 8 na robo. Zanzibar, ekari tatu zilikuja baada ya Mapinduzi, si kabla.

Visiwa vya Cook navyo vilikabili swali la Muungano, yaani kisiwa kidogo kiishije na jirani mkubwa. Mwaka 1965 vilichagua kujitawala vikiwa vimeshikamana na New Zealand, na watu wake wakabaki raia wa New Zealand. Zanzibar ilikuwa dola huru, ikaungana na dola nyingine huru na kubaki na serikali yake. Hapo pana tofauti ya kuandikia aya nzima.

Namna ya kujibu

Usimwandike Karume kama malaika, wala kama dhalimu tu. Toa hoja, iunge kwa tarehe au takwimu, kisha toa tathmini. Ukiulizwa kama alifanikiwa, pima pande zote mbili kabla ya kuhitimisha, na hitimisho lako litokane na ulichoandika juu.

Maswali ya kujipima

1. Eleza kwa nini ASP haikuunda serikali mwaka 1963 licha ya kupata zaidi ya nusu ya kura.
2. Ugawaji wa ekari tatu ulijibu tatizo gani la kabla ya mwaka 1964?
3. Jadili mafanikio matatu na mapungufu matatu ya utawala wa Karume.
4. Linganisha hatima ya ufalme wa Zanzibar na ule wa Tonga baada ya ukoloni.